Siku Isiyohesabiwa

Jumatatu, 17 Machi

Barua ya mhariri imefika leo, pembe moja imelowa mvua. Nimeisoma nimesimama, tepu shingoni, mteja akiwa nusu ndani ya suruali yake nyuma ya pazia. Akaniuliza kulikoni, mbona nimeguna. Nikamwambia hakuna kitu, vuta tumbo ndani.

Miaka kumi na mmoja nimeandika kitabu hiki juu ya meza ya kukatia vitambaa, kati ya pindo moja na jingine. Ni hadithi ya nchi isiyokuwepo, yenye malkia, majeshi na milima inayohama kila mvua zikiisha. Wanaojua ni mume wangu, ambaye ni mwokaji mikate na hana muda wa kumsimulia mtu, na binti yetu, ambaye anajua kila kitu cha nyumba hii.

Mhariri anaandika: "Malkia wako anashika mimba sura ya tatu na anajifungua sura ya ishirini. Nimehesabu kwa vidole, nikarudia kwa kikokotoo. Miezi kumi na saba. Anamkaribia tembo. Mjomba wake ni mdogo kuliko mtoto wa mpwa wake. Wiki ina siku sita ukurasa wa 40 na siku kumi ukurasa wa 112. Nchi yako nimeipenda na watu wake nimewapenda, ila haina kalenda, na nchi isiyo na kalenda siipeleki kwa wachapaji. Nipe kalenda inayofanya kazi, na kitabu kilichorekebishwa kuifuata, Ijumaa tarehe 30 Mei. Baada ya hapo orodha ya mwaka imefungwa na nafasi yako anapewa mwingine. Nikikuta mwanya mmoja, nafunga faili."

Nimelia kidogo, nimecheka kidogo kwa ajili ya tembo, halafu nimemaliza suruali ya watu.

Jumanne, 18 Machi

Mvua. Mashati sita ya shule, kola zote.

Alhamisi, 20 Machi

Mama mkwe amehamia kwetu. Paa lake linavuja, mafundi wanasubiri mvua ipungue, kwa hiyo amekuja "kwa wiki mbili tu" na sanduku, mwavuli mkubwa na kigoda chake mwenyewe, kana kwamba vyetu vina miiba. Alikuwa mkunga miaka arobaini na miwili. Mtaa mzima bado unamwita Mkunga, na yeye bado anatazama kila mtu kama anayekaribia kujifungua. Kila Alhamisi anakwenda kliniki ya presha. Akirudi anatueleza presha za watu wengine.

Kufika tu, amepangua mitungi yangu ya vifungo. Sasa imepangwa kwa ukubwa, si kwa rangi.

Jumamosi, 22 Machi

Nimejaribu mwezi wa siku kumi. Malkia akawa na mimba ya miezi ishirini na saba. Binti yangu amecheka mpaka akaanguka kitini. Nimejaribu mwezi wa siku mia. Mtu mzima akawa na miaka sita.

Jumapili, 30 Machi

Tumegombana. Nimetoka sokoni nimemkuta mama mkwe kwenye kigoda chake, miwani puani, sura ya ishirini mkononi.

"Mama, umesoma karatasi zangu?"

"Zilikuwa mezani. Kilichoko mezani huliwa."

"Hiyo ni kazi yangu!"

"Ndiyo nikaisoma kwa makini. Hebu niambie, mwanangu. Huyu malkia wako anajifungua nusu ukurasa, amesimama, kisha anapanda farasi kwenda vitani. Wewe umezaa. Umesahau?"

Nimezichukua karatasi nikafunga mlango wa chumba cha kushonea. Mume wangu akapita dirishani na trei ya mikate, akatazama uso wangu, akapitiliza. Ana akili yule.

Jumatano, 2 Aprili

Mvua. Wiki mbili zimeisha. Sanduku halijafungashwa.

Jumamosi, 5 Aprili

Leo nimefurahi kama mjinga, acha niandike yote.

Tulikuwa jikoni wote wanne tunamenya viazi, nje maji yanapiga bati mpaka tunapigiana kelele. Mimi na mama mkwe tulikuwa hatujazungumza vizuri tangu Jumapili. Yeye akaanza, akimtazama binti yangu, si mimi.

"Mjukuu wangu, mimba ni siku ngapi?"

"Miezi tisa, Bibi."

"Sijauliza miezi. Miezi ni ya watu. Mtoto hajui mwezi. Siku!"

Binti yangu hakujua. Mimi pia sikujua, na haya yakanishika, fundi mzima ninayepima kila kitu.

"Mia mbili themanini," mama mkwe akasema. "Wengine na saba juu. Sasa ninyi mnaanza na mwezi, halafu mnalazimisha tumbo la mtu liingie humo. Anza na tumbo. Gawanya upendavyo."

Binti yangu akachukua kipande cha mkaa akaandika ukutani (nitafuta kesho). Kwa kumi, ishirini na nane. Kwa ishirini, kumi na nne. Kwa arobaini, saba kamili, bila baki. Miezi saba ya siku arobaini!

Mume wangu akainua kisu cha viazi juu. "Siku za mwizi!"

Tukamtazama.

"Siku za mwizi si ni arobaini? Basi mwezi ni mwizi mmoja. Ukiisha, anakamatwa, anaanza mwingine."

Tumecheka wote, na mama mkwe akacheka mpaka kiazi kikamtoka mkononi kikaviringika chini ya kabati. Nikasimama hapo na maganda mkononi nikaona nchi yangu yote imekaa sawa: wiki tano za siku nane, mwezi wa siku arobaini, siku ya mwisho wezi wanarudisha walichoiba. Nimepata sura mpya nzima kwa sababu ya viazi.

Jumapili, 6 Aprili

Nilidhani nimemaliza. Nimemsomea mama mkwe, nikitaka asifu.

"Nzuri," akasema. "Inabana."

"Inabana wapi?"

"Kila mahali. Siku arobaini, zote zina kazi. Hukuacha posho."

Akanikamata pabaya. Posho ni kile kitambaa unachoacha ndani ya mshono ili nguo ipanuke mtu akinenepa. Fundi asiyeacha posho si fundi. Nikamwambia kuna siku ya nane ya kupumzika.

"Siku ya kupumzika ndiyo wanawake tunayofulia. Mimi nazungumzia siku ambayo haimo. Miaka yangu yote sikuona mtoto aliyekuja siku iliyoandikwa kwenye kadi. Mbele au nyuma, lazima kuwe na mahali pa kusogea. Wape watu wako siku moja isiyohesabiwa."

Nimekaa nayo mchana kutwa huku nikipiga pasi. Imekuwa hivi: mwezi wa mbinguni wa nchi ile unazunguka kwa siku arobaini na moja. Siku moja hauonekani kabisa, na siku hiyo haina jina wala namba. Hakuna anayefanya kazi, hakuna anayeandika, hakuna anayezeeka. Miezi tisa kama hiyo ni mwaka. Na mimba ya malkia ikawa siku mia mbili themanini na saba, sawasawa na alivyosema Mkunga.

Jumatano, 9 Aprili

Majina ya siku yamepatikana mezani. Nne za mume wangu: Unga, Hamira, Moto, Mkate. Tatu zangu: Kitambaa, Mkasi, Uzi. Ya nane ameitaja mama mkwe: Pumzi. Mwezi wa kwanza unaitwa Mwezi wa Mwizi, bila kura.

Jumapili, 13 Aprili

Binti yangu ndiye aliyesema: "Mama, utajuaje kama inafanya kazi bila kuivaa?" Ameongea kama mtoto wa fundi. Basi kuanzia kesho nyumba hii inaishi kwa kalenda yetu mpaka kitabu kiishe. Shule imefungwa kwa mvua hadi tarehe mbili Juni, mikate huokwa kila siku ya Mungu, na wateja wangu wanakuja nguo ikiwabana. Hakuna atakayeumia.

Mume wangu amechora kalenda kwa kalamu nene kwenye karatasi za mifuko ya unga, ameibandika kwa gundi juu ya ile ya zamani. Binti yangu ametengeneza jedwali dogo la kugeuza siku zetu kuwa za watu. Akaniuliza aifanyeje ile isiyohesabiwa. Nikamwambia kwa ukali kidogo: "Isiyohesabiwa haihesabiwi. Usiiandike popote."

UNGA, siku ya 1, Mwezi wa Mwizi
(kwa watu: Jumatatu, 14 Aprili)

Hewa yenyewe ina harufu mpya. Au ni mikate.

MKATE, siku ya 4

Mvua. Sketi nane.

PUMZI, siku ya 8
(kwa watu: Jumatatu, 21 Aprili)

Asubuhi amebisha hodi mteja mmoja mnene na koti lake la harusi. Nikamfungulia dirisha dogo.

"Samahani, leo hatufanyi kazi. Leo kwetu ni Pumzi."

Akavua kofia, mvua ikampiga kipara. "Poleni sana. Nani ametutoka?"

Nilishindwa kumjibu kwa kicheko, naye akadhani nalia. Amerudi mchana na kilo mbili za sukari za rambirambi, na ilibidi mume wangu amkalishe amweleze kila kitu. Aliondoka akisema tungemwambia mapema, naye angekuja Uzi.

HAMIRA, siku ya 18

Redio imeingia maji. Mume wangu anasema afadhali, sasa tutasikizana.

MKASI, siku ya 22

Nimeandika upya kuzaliwa kwa binti wa malkia. Nilimwita mama mkwe mwenyewe, kwa hiari yangu, niandike hilo lijulikane.

Aliviringisha kitambaa cha sare ya shule, akakifunga kwa tepu, akakipokea hewani kana kwamba kinateleza. Akanionyesha mkono unavyokaa chini ya kisogo. Akaniambia usikimbilie kumfanya mtoto alie, kwanza mtazame. "Wewe ndiye mtu wa kwanza anayemwona. Mtazame vizuri, asije akadhani amekosea nyumba."

Vidole vyake vimepinda kwa baridi yabisi, hawezi hata kutunga uzi kwenye sindano, ila kile kitambaa kilipolala mikononi mwake nilijikuta nimeweka kalamu chini. Miaka kumi na mitano nimeishi na mwanawe na sikuwahi kumwona akifanya kazi yake. Nilikuwa nikiona mdomo tu. Kuzaliwa kwa nusu ukurasa kumekuwa kurasa tisa, na mitungi ya vifungo nimeiacha alivyoipanga, maana kusema kweli naona navipata upesi zaidi.

MOTO, siku ya 27

Jua! Saa nane nzima. Mtaa mzima umeanika magodoro.

MKATE, siku ya 28

Mvua.

KITAMBAA, siku ya 37

Nimefika mwisho wa marekebisho isipokuwa sehemu moja ninayoizunguka kama mbwa anayetafuta pa kulala. Binti wa malkia amezaliwa siku isiyohesabiwa. Binamu yake, mtoto wa dada wa malkia, amezaliwa kesho yake, siku ya kwanza ya mwezi. Kiti cha enzi ni cha aliye mkubwa. Sasa mkubwa ni nani, ikiwa siku ya yule binti haimo? Sijui. Nimeweka maelezo mengi ya mapazia ya jumba la kifalme, nikaruka. Mhariri hataona.

PUMZI, siku ya 40
(kwa watu: Ijumaa, 23 Mei)

Mwisho wa Mwezi wa Mwizi. Sheria ya nchi yangu ni kwamba leo kila mtu anakiri alichoiba, na tukaona tuifuate, tumekwisha kuvuka maji ya magoti, ya shingo yatatufanya nini.

Tulikaa mezani. Binti yangu amekiri kwamba ile chokoleti ya mgeni haikuliwa na panya. Mume wangu amekiri kwamba kipande changu cheusi cha mahameri, nilichokitafuta miezi miwili, anacho kwenye tanuri lake na ndicho anachoshikia trei za moto. Nimemrushia kijiko. Mimi nimekiri kwamba mama mkwe alipofika nilimwomba Mungu mafundi wa paa wafanye haraka.

Ikafika zamu yake. Akakunja mikono mapajani.

"Paa langu lilishaezekwa," akasema. "Tangu Hamira ile ya redio. Fundi alikuja kuniambia hapa mlangoni, nikamwambia ashushe sauti."

Mume wangu akamtazama mama yake, kisha mimi.

"Nimewaibia wiki tatu. Kule kwangu kimya sana. Hapa kuna mtu wa kubishana naye." Akanitazama mimi. "Nirudishe?"

Nikamwambia katika nchi yangu mwizi anarudisha alichoiba, ila wiki hazirudishiki, kwa hiyo adhabu yake ni kuongeza nyingine. Nilitaka kusema kwa mzaha, nikajikuta nimemshika mikono. Nampenda huyu mwanamke. Nimeandika, na kwa kuwa najua anasoma na hili daftari, basi asome.

UNGA, siku ya 1, Mwezi wa Mkunga
(kwa watu: Jumamosi, 24 Mei)

Ya jana siandiki, sheria ni sheria. Jina la mwezi huu nimelichagua mimi. Nitasema tu kwamba mbavu bado zinaniuma kwa kucheka.

MOTO, siku ya 3

Mvua ya mawe. Nanakili kitabu kisafi, binti yangu anasoma, mimi naandika. Vidole vimevimba.

KITAMBAA, siku ya 5
(kwa watu: Jumatano, 28 Mei)

Siku mbili zimebaki na kurasa sitini. Mama mkwe amesimama mlangoni na mwavuli.

"Naenda kliniki."

"Mama, kliniki si Alhamisi?"

"Ndiyo. Leo Alhamisi."

"Leo Jumatano. Tazama jedwali."

"Mwanangu, kwangu leo ni Alhamisi."

"Mama, tafadhali! Nina kurasa sitini. Usiniharibie hesabu sasa."

Nilisema kwa sauti ninayoitumia kwa wateja wanaokataa vipimo vyao. Akanitazama kidogo, akafungua mwavuli akaenda. Atakuta mlango umefungwa, maskini, na mvua hii. Uzee huo. Sikuona alivyorudi, nilikuwa nanakili.

MKASI, siku ya 6

Nimemaliza! Kurasa mia tatu na kumi na mbili. Nimefunga kwa utepe wa bluu.

UZI, siku ya 7

Nitajaribu kuandika.

Asubuhi nilivaa gauni langu la kijani nililoshona kwa siku kama hii. Nikabeba kitabu kwenye mfuko wa nailoni ndani ya mfuko wa turubai. Mume wangu akanipa mkate wa moto nimpelekee mhariri. Mjini niliona benki imefungwa, nikadhani mvua. Niliona maofisi kimya, nikadhani mvua. Mtu akishaamua kuwa ni Ijumaa, kila kitu kinamuunga mkono.

Mlinzi wa jengo alikuwa anakunywa chai chini ya ngazi.

"Namtafuta mhariri, ghorofa ya pili."

"Hayupo, Mama. Njoo Jumatatu."

"Haiwezekani. Ameniambia leo Ijumaa."

Akaweka kikombe chini taratibu, jinsi mtu anavyofanya akiona mwenzake ana matatizo. "Mama yangu, leo Jumamosi. Tarehe thelathini na moja. Jana walikuwepo hadi saa kumi na moja jioni, wakafunga, wakaondoka."

Nikamwambia anakosea. Akanionyesha gazeti. Nikasoma tarehe mara tatu. Halafu nikaketi kwenye ngazi na mkate mapajani.

Ilinijia palepale ngazini. Ile siku isiyohesabiwa. Jua lilichomoza, watu walikwenda kazini, dunia iliihesabu vizuri kabisa. Sisi tulicheka, tukalala, na jedwali likaendelea kana kwamba haikuwepo, kwa sababu mimi mwenyewe nilimkaripia mtoto asiiandike. Miaka kumi na mmoja, na nimechelewa kwa siku moja niliyoitunga mimi.

Nyumbani binti yangu alianza kulia kabla sijamaliza kueleza, akisema jedwali ni lake. Nikamkumbatia nikamwambia jedwali lilikuwa sahihi, mwenye kichwa kigumu ni mimi. Mume wangu alibandua kalenda yake ukutani kwa kucha, ile ya zamani ikachanika nayo, wiki nzima ya Mei ikaenda. Akasimama akitazama ukuta.

Mama mkwe alikuwa kwenye kigoda. Nikaenda nikapiga magoti mbele yake, jambo ambalo sijawahi kulifanya.

"Mama, ulijua."

"Nilijua ya kwangu, kwamba ni Alhamisi. Nilifika, wakanipima, wakanipa dawa. Ya kwako sikujua kama inategemea hiyo. Ungeniuliza mara ya pili ningekwambia mara ya pili."

"Nisamehe. Nilikujibu vibaya."

"Ulinijibu kama mtu mwenye uchungu wa kuzaa. Wameshaniita majina mabaya zaidi, na wengine wao waliniletea zawadi kesho yake." Akanifuta uso kwa pembe ya khanga yake. "Jumatatu tunakwenda."

"Orodha imefungwa, Mama."

"Ndiyo maana tutabisha hodi. Mlango ulio wazi mtu anaingia tu."

Jumapili, 1 Juni

Mvua imekatika. Nimepeleka sare zote nyumbani kwa mwalimu mkuu. Sijala.

Jumatatu, 2 Juni

Niandike kwa mpangilio, la sivyo nitaruka.

Tulikwenda wawili, na mkate mwingine wa mume wangu. Mhariri ni mwanamke mfupi mwenye miwani mbili, moja puani na moja kichwani, na meza yake haionekani kwa karatasi. Hakutukaribisha kuketi. Mama mkwe aliketi.

"Nilisema Ijumaa," mhariri akasema.

"Ulisema."

"Leo Jumatatu."

"Najua. Sasa najua."

Nikamweleza yote: viazi, mwizi, Pumzi, jedwali, ngazi. Hakucheka hata kidogo. Alinyoosha mkono nikampa kitabu, akafungua ukurasa wa kalenda, akatoa penseli. Akaanza kuhesabu. Aliandika arobaini na moja mara saba, akatazama, akatikisa kichwa kukubali. Akarudi ukurasa wa 40, akaenda wa 112. Mjomba sasa alikuwa mkubwa kuliko mpwa wake. Penseli ikawa inatembea na mimi natembea nayo. Nilikuwa nimebana mkoba mpaka kishikizo kikaacha alama kiganjani.

Sura ya ishirini akaacha kuhesabu akawa anasoma. Kurasa zile tisa za kuzaliwa alizisoma bila kuinua macho, na mahali fulani alivuta kiti akaketi. Nikaanza kutumaini. Halafu penseli ikasimama kwenye mapazia.

"Hapa unanizungusha."

Nikajifanya natafuta kitu mkobani.

"Binti amezaliwa siku isiyohesabiwa. Binamu yake, kesho yake. Kiti ni cha mkubwa. Mkubwa ni nani? Siku ya huyu binti haimo kwenye kalenda yako. Hana tarehe. Hana umri. Kitabu kizima kimesimama juu ya jambo hili na wewe unaniambia habari za mapazia." Akafunika ukurasa. "Nilikuandikia, mwanya mmoja."

Nikaanza kukusanya karatasi zangu.

"Siku ndiyo haihesabiwi," mama mkwe akasema kutoka kitini. "Mtoto anahesabiwa."

Mhariri akamgeukia. "Samahani, wewe ni nani?"

"Mimi ni mkunga. Nimepokea watoto mia tisa na sabini na wawili. Wako waliokuja njiani, wako waliokuja barabara zikiwa zimekatwa na maji, kadi hazipo, saa hazipo. Hakuna hata mmoja niliyemwambia arudi ndani asubiri kalenda. Aliyetoka kwanza ni mkubwa. Kalenda ni ya walio hai, binti yangu, si walio hai wa kalenda."

"Na tarehe yake ya kuzaliwa? Ataisherehekea lini, kama siku hiyo haina jina?"

"Kila inaporudi."

"Inarudi mara tisa kwa mwaka."

"Basi mara tisa. Wenzake wanaimbiwa mara moja, yeye mara tisa, na hazeeki hata siku moja kwa sababu siku hiyo watu hawazeeki. Mtoto aliyeanza hivyo, akija kuwa malkia utamwonea wivu?"

Mhariri akahesabu kwa vidole hadi tisa. Halafu akachukua penseli akaandika pembeni mwa mapazia yangu, haraka, midomo ikicheza, na nikaona kwamba anacheka kimyakimya, mabega yote.

"Mapazia yatoke," akaniambia. "Aliyosema mama yaingie, yote, na namba mia tisa na sabini na wawili usiiguse. Niletee ukurasa huo kesho."

"Lakini orodha imefungwa."

"Wachapaji wananisubiri hadi Jumatano. Ijumaa ni tarehe ninayowapa waandishi. Ningewapa ya kweli ningekuwa napata vitabu Krismasi." Akaushika mkate, akaunusa. "Huu ni wa leo?"

Nilimwambia ni wa leo, leo ya watu wote. Nikakaa juu ya rundo la miswada ya wenzangu, na hakunifukuza. Kitabu changu kinatoka. Nimeandika hapa na nitaandika tena: kitabu changu kinatoka.

Mama mkwe hakuonekana kushangaa. Alikuwa akifunga vifungo vya koti lake kwa shida, kimoja kimoja, na hakutaka nimsaidie. "Kitatoka lini?" akauliza.

"Miezi minane, mama," mhariri akamjibu mdomo umejaa mkate. "Labda tisa."

"Vizuri. Ikipita tisa, niiteni," akasema, akachukua mwavuli wake, akatangulia mlangoni.